Juni ya Kalenga, Julai ya Mitihani

Ninafundisha historia katika chuo kikuu kimoja mjini Iringa, na kwa miaka kadhaa sasa nimekuwa nikiandika, kuongoza na kuigiza filamu zisizo na kampuni yoyote nyuma yake. Wenzangu wanaotamani kuingia katika njia hii huniuliza kwanza habari ya saa: unaandaa mihadhara wakati gani, unaandika mswada wakati gani, unalala wakati gani. Saa ni tatizo dogo kuliko wanavyodhani. Mwalimu aliyezoea kuamka alfajiri hupata nafasi ya kuandika kabla ya kipindi cha kwanza, na filamu fupi, kwa sehemu kubwa ya maisha yake, haidai zaidi ya hapo. Kinachogombaniwa na kazi hizi mbili ni majira ya mwaka na jina la mtu, na vitu hivyo havigawanyiki kama saa zinavyogawanyika.

Nianze na majira. Huku Nyanda za Juu Kusini tuna msimu mmoja wa mvua, unaoanza Novemba au Desemba na kwisha Aprili au Mei. Baada ya hapo ni ukavu hadi Oktoba. Ukiitazama kalenda ya chuo ukiwa umekaa ofisini, utadhani imepangwa na mwongozaji wa filamu, kwa sababu likizo ndefu huangukia kiangazi, wakati barabara za vijijini zinapitika na hakuna mvua ya kupiga bati katikati ya mazungumzo ya wahusika. Lakini filamu iliyonifundisha zaidi ilikuwa filamu ya mwezi Juni, na Juni kwa mwalimu wa chuo ni mwezi wa kumalizia mada, kusahihisha kazi za muhula na kuhakiki mitihani ya Julai.

Niling'ang'ania Juni kwa sababu ya tukio lenyewe. Tarehe 19 Juni 1954, pale Kalenga, kijiji kilicho karibu na mji wa Iringa, Gavana wa Tanganyika, Edward Twining, aliwakabidhi Wahehe fuvu lililotambuliwa kuwa la Mtwa Mkwawa, chifu wao aliyejiua kwa risasi Julai 1898 ili asitiwe mikononi mwa Wajerumani. Kifungu cha 246 cha Mkataba wa Versailles wa 1919 kilikuwa kimeitaka Ujerumani ilikabidhi fuvu hilo kwa serikali ya Uingereza ndani ya miezi sita tangu mkataba uanze kutumika, na miezi hiyo sita ikageuka kuwa zaidi ya miaka thelathini. Twining alilipata katika jumba la makumbusho la Bremen, miongoni mwa mafuvu mengine mengi, na uteuzi ukafanywa kwa kulinganisha vipimo vyake na vya vichwa vya watu wa ukoo. Wapo wanahistoria ambao hawajaridhika na uteuzi huo, nami nimekuwa nikiwafundisha wanafunzi wangu shaka hiyo pamoja na habari ya sherehe yenyewe.

Hadithi yangu haikuwa ya gavana wala ya machifu. Ilikuwa ya kijana mdogo wa Kalenga na bibi yake, ambaye alikuwa mtoto ngome ya Mkwawa hapo Kalenga ilipoangushwa na Wajerumani Oktoba 1894, na ambaye sasa, akiwa mzee, anakataa kwenda kwenye sherehe hadi aambiwe wamejuaje kwamba huyo ndiye. Nilimpa bibi huyo swali la darasani kwangu, ila katika kinywa chake likawa na uzito ambao mimi nikiwa mbele ya ubao sijawahi kulipatia. Nadhani hapo ndipo kazi hizi mbili zinapokutana kwa halali: pale ambapo utafiti umekuachia swali ambalo makala hailibebi.

Sasa, Kalenga ya Juni haifanani na Kalenga ya Februari. Mwezi Juni mahindi yamekauka au yameshavunwa, nyasi zimegeuka rangi ya udongo, watu wamejifunga mashuka asubuhi kwa baridi, na mwanga wa jua ni wa pembeni, mkali na mfupi. Mtu aliyezaliwa Iringa akiona kwenye filamu mahindi ya kijani huku sauti ikisema ni Juni, ataacha kuiamini filamu nzima kuanzia hapo. Ningeweza kurekodi Agosti, wakati wa likizo, na watazamaji wa Dar es Salaam wasingegundua. Watazamaji niliowataka ni hawa wa hapa, na Agosti vumbi na moshi wa mashamba yanayochomwa hubadilisha anga kabisa.

Juu ya hayo palikuwa na suala la kamera. Mji wa Iringa hauna kampuni nyingi za filamu, ila una wapiga picha wa harusi hodari sana. Hao ndio wenye kamera nzuri, maiki za kubandika kifuani, taa na mikono iliyozoea kurekodi jambo lisilorudiwa. Filamu huru ya mikoani huishi kwenye mabega yao, jambo ambalo sioni likisemwa vya kutosha. Kwa hiyo kalenda ya filamu yangu ilifungwa na kalenda mbili ambazo sikuwa na mamlaka nazo: ya chuo, na ya ndoa. Baada ya mavuno watu huwa na fedha na nafasi, basi kuanzia Juni Jumamosi zote zina harusi na Ijumaa zina sendofu za kumuaga bibi harusi. Mpiga picha yuko huru katikati ya wiki, siku ambazo mimi nina vipindi. Wakati wa Kwaresima, ndoa za Wakristo zinapopungua, kamera hupatikana kwa bei ya kirafiki, lakini hapo mvua inanyesha na muhula umepamba moto.

Tukabakiwa na Jumapili mchana. Kalenga watu hutoka ibadani, wanakula, kisha wanakuja kuigiza wakiwa bado na mavazi ya kanisani, ambayo ilibidi wayavue na kuvaa maleba ya 1954 nyuma ya nyumba ya mwenyekiti wa kijiji. Jua la Juni huzama Iringa karibu saa kumi na mbili na nusu jioni, na mwanga unaofaa hudumu kidogo tu kabla ya hapo. Ufinyu huo ulinilazimisha kuandika upya mswada, nikiondoa matukio yote ya usiku na ya ndani ya nyumba, na kuyahamishia nje, mlangoni, kichakani, njiani. Baadhi ya watu wameusifia uamuzi huo kama mtindo wa kisanaa. Ulikuwa uamuzi wa mtu mwenye mitihani ya kuhakiki Jumatatu asubuhi.

Macho ya mwanahistoria yalinisaidia na kunisumbua kwa kiasi kilekile. Nilijua kwamba mashamba ya misonobari ya Sao Hill yalipandwa kwa wingi baada ya Uhuru, kwa hiyo kilima chochote chenye misonobari kilichoingia kwenye fremu kilikuwa uongo. Nilijua sarafu ya senti kumi ya Afrika Mashariki ilikuwa na tundu katikati, na nikaitafuta kwa wazee hadi nikaipata, ingawa kwenye filamu inaonekana kwa muda mfupi sana mkononi mwa kijana. Nguzo za umeme, mabati ya rangi na minara ya simu vilitufanya tuweke kamera chini karibu na ardhi kuliko nilivyopenda. Mpiga picha wangu, mtu mvumilivu, aliniambia siku moja: “Dokta, ukiendelea kuondoa vitu tutabaki na mawingu.” Alikuwa na haki ya kulalamika, lakini mawingu nayo nilimwambia ayapunguze, kwa kuwa Juni huwa hayako mengi.

Tatizo kubwa zaidi lilikuwa maneno. Kwenye makala, nisipokuwa na ushahidi wa kile alichosema mtu, naandika hivyo na kuendelea. Filamu haina tanbihi. Ukimwonyesha gavana akifungua kinywa, lazima atoke na neno, na mtazamaji atakwenda nalo nyumbani akiamini ni la gavana. Niliamua kwamba Twining ataonekana kwa mbali tu, mtu mweupe mwenye mavazi rasmi katikati ya umati, na sauti yake imezwe na upepo. Upepo wa uwanda huu, ambao ni adui wa kila mrekodi sauti Iringa, kwa mara ya kwanza ukawa msaada. Tunachokisikia ni karani mmoja wa kubuni, aliyesimama pembeni, akiwaeleza majirani zake kwa Kiswahili kile anachodhani kinasemwa. Karani huyo niliigiza mwenyewe, kwa sababu nilitaka makosa yake ya kutafsiri yawe makosa ninayoyafahamu, na pia kwa sababu bajeti ilikuwa imekwisha.

Hapo ndipo ninapokuja kwenye jina. Katika nchi yetu wasomi walioigiza hawakuanza leo. Profesa Amandina Lihamba na Profesa Penina Mlama wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walifundisha, wakaandika tamthilia na kufanya kazi ya jukwaani na vijijini, na Profesa Lihamba ameonekana pia kwenye filamu, bila yeyote kusema wamepoteza muda. Lakini wao sanaa za maonyesho ndizo zilizokuwa taaluma yao. Mwanahistoria, mwalimu wa hisabati au wa sheria anayeigiza huonekana kama mtu aliyetoka kazini kwenda kucheza, na hilo ni jambo la kulikabili mapema badala ya kulilalamikia baadaye.

Kabla ya filamu ya Kalenga niliwahi kuigiza katika kichekesho cha rafiki mmoja wa Mbeya, kilichorekodiwa Uyole na kwenye vichochoro vya soko la Mwanjelwa. Nilikuwa tapeli wa mbolea, mwenye suti kubwa kuliko mwili na maneno mengi ya kitaalamu. Kipande chake kifupi kilisambaa kwenye simu za wanafunzi wangu kuliko muhtasari wowote wa somo niliowahi kuwatumia. Muhula mzima nilipoingia darasani nyuma kuna mtu ananong'ona jina la yule mhusika, na mzazi mmoja alimpigia mkuu wa idara akitaka kujua kama yule tapeli wa kwenye simu ndiye anayesahihisha mitihani ya mwanawe. Mkuu wangu alimjibu kwa heshima kwamba ndiye, na kwamba anasahihisha vizuri.

Kilichomwezesha kujibu kwa utulivu ni barua niliyokuwa nimemwandikia kabla ya kusafiri kwenda Mbeya, nikimweleza ninaigiza nini, siku zipi, na kwamba hakuna kipindi kitakachoguswa. Tangu hapo barua hiyo imekuwa desturi. Haiombi ruhusa ya sanaa. Inampa mkubwa wangu wa kazi habari kabla hajaipata kwa mtu mwingine. Vilevile jina la chuo haliingii kwenye orodha ya majina mwishoni mwa filamu isipokuwa chuo chenyewe kimeshiriki, na silitumii gari wala ukumbi wa chuo kwa sababu tu ninao ufunguo.

Kuna nafasi moja niliikataa, na wapo waliosema ni woga. Nililetewa mswada mzuri kuhusu mhadhiri anayedai rushwa ya ngono kwa mwanafunzi, kosa ambalo Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 inalitaja waziwazi, na ambalo filamu zetu zinapaswa kulizungumzia kwa sauti kubwa zaidi. Nilitakiwa kuwa mhadhiri huyo. Nilifikiria mabinti wa mwaka wa kwanza ambao bado hawanijui, wanaoingia ofisini kwangu na kufunga au kutofunga mlango, wakiwa wameona uso wangu ukifanya vile. Mwigizaji wa kudumu anaruhusiwa kuigiza uovu wowote kwa sababu mtazamaji hakutani naye kesho yake akiwa na kalamu nyekundu mkononi. Mimi ninakutana nao. Nilimpendekeza mwigizaji mwingine, akaifanya vizuri kuliko ambavyo ningeifanya mimi.

Kwa sababu hiyohiyo ya kalamu nyekundu, sichukui mwanafunzi yeyote ninayemfundisha muhula huo kuwa mwigizaji au msaidizi wa filamu. Wanaomba sana, na ni vijana wenye vipaji, lakini ukimwuliza mwanafunzi kama anapenda kubeba taa Jumapili nzima, hajibu swali hilo, anajibu swali la alama zake. Huja baada ya matokeo kutoka, au hutoka idara nyingine, na hulipwa posho na chakula kama wengine. Posho ni ndogo. Chakula, niseme kwa kujisifu kidogo, hakijawahi kuwa kidogo: makande, chai ya maziwa, na Jumapili ya mwisho tulichinja.

Wenzangu hawaoni upesi kwamba njia ya mtafiti na njia ya mwenye kamera hupita kwenye ofisi zilezile, mkoani, wilayani, kwa mtendaji wa kijiji, zikiwa na karatasi tofauti. Mtafiti ana barua ya chuo na kibali cha utafiti. Mwenye kamera anahitaji kibali cha Bodi ya Filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Namba 4 ya 1976 na marekebisho yake, na filamu yenyewe hukaguliwa kabla ya kuonyeshwa kwa umma. Kishawishi ni kutumia barua moja kwa kazi zote mbili, kwa kuwa mtendaji anakufahamu na wazee wanakuita mwanangu. Hapo ndipo uaminifu unapopotea.

Wakati wa utafiti wa shahada yangu mzee mmoja alinisimulia jinsi mama yake alivyokaa ndani siku ya sherehe, mlango umefungwa, na kwa nini. Simulizi hilo liko katika tasnifu yangu bila jina lake, kama tulivyokubaliana. Nilipoanza kuandika filamu nilijua kwamba bibi wangu wa kubuni amezaliwa kutokana na mama huyo. Tasnifu husomwa na watahini wawili watatu. Filamu ingeonyeshwa kijijini kwake. Nilirudi kwa mzee, nikamsalimu, “Kamwene,” tukazungumza mambo ya mashamba kwa muda mrefu kama ipasavyo, kisha nikamweleza kwamba ruhusa aliyonipa ilikuwa ya kitabu na sasa naomba ya sinema. Alikaa kimya, akauliza kama mama yake atacheka kwenye hiyo sinema. Nikasema kuna mahali anacheka. Akaniruhusu kwa sharti kwamba sababu ya kufunga mlango nisiitaje, na ndiyo maana kwenye filamu bibi anatoa sababu nyingine, ya shaka juu ya fuvu, ambayo ni yangu.

Kuhusu kupanda cheo nitasema machache, kwa sababu kila chuo kina kanuni zake na zinabadilika. Kamati niliyokutana nayo ilipokea filamu kwa upole na kuiweka kando. Ilichohesabu ni makala zilizopitiwa na wanataaluma. Sikuona sababu ya kupigana nayo. Nyenzo nilizokusanya kwa ajili ya filamu, mahojiano mapya yenye ruhusa yake, nyaraka na picha za miaka ya 1950, zilitosha kuandika makala juu ya jinsi Wahehe walivyoikumbuka siku ile, na makala hiyo ndiyo iliyoingia kwenye faili langu. Ninaloshauri ni kuandika makala kwanza. Ukishamaliza kuhariri filamu, unakuwa umeishi na toleo lako la kubuni kwa muda mrefu hadi unaanza kulinukuu.

Jambo dogo la mwisho ni la kompyuta, nalo si dogo kwa anayetunza mitihani. Picha zinazorekodiwa kwa kiwango cha juu, cha megabiti 100 kwa sekunde, hula takriban gigabaiti 45 kwa saa moja, na kompyuta ya mwalimu hujaa upesi. Mhariri wangu alizoea kuichukua mashine yangu nyumbani kwake. Siku nilipotambua kwamba mitihani ya Julai imo humo pamoja na Kalenga yote, nilinunua mashine ya pili, iliyotumika, na sasa ya chuo haitoki mezani kwangu na ya filamu haiingii ofisini.

Mswada ninaoandika sasa unahusu wachuma chai wa Mufindi, na unataka ukungu, matope na kijani cha mwezi Machi. Kwa hiyo safari hii kiangazi hakinisaidii kitu. Nimemwomba mkuu wa idara anipangie muhula wa pili usiokuwa na vipindi Ijumaa, nikaahidi kubeba kozi ya mwaka wa kwanza ambayo hakuna anayeitaka kwa wingi wa wanafunzi wake. Kamati ya ratiba imenipa Alhamisi. Mpiga picha wangu anasema Alhamisi ni bora zaidi, kwa sababu Pasaka ikishapita Ijumaa zake zote zimeshachukuliwa na sendofu.